Mwenye Kuabudu na Mwenye Kuponya: Juu ya Neno Moja la Kiyunani

Siku moja baada ya ibada, mzee mmoja wa hapa Mkolani alitungoja mlangoni. Alikuwa amemshika mkono mjukuu wake, mtoto aliyeugua homa muda wa juma zima. Alimleta ili aombewe, na kesho yake alikusudia kumpeleka hospitali. Akatuuliza, "Walimu wangu, mimi leo nimekuja kuabudu, au nimekuja kutafuta dawa? Maana nikisema nimekuja kuabudu, moyo wangu wajua ya kuwa nisingalikuja kama mtoto huyu angalikuwa mzima." Tukamjibu, "Babu, swali lako limetuzidi. Tupe muda tufikiri." Leo twajaribu kulipa deni hilo. Na kwa kuwa twajua si yeye peke yake aliye na swali la namna hii, twalilipa mbele ya wasomaji wote.

Njia tutakayoifuata ni ya neno moja. Katika Kiyunani, lugha ambayo Agano Jipya liliandikwa nayo, liko neno therapeutes. Wakiwa wengi huitwa therapeutai, na wakiwa wanawake, therapeutrides. Wataalamu wakiulizwa maana yake, mmoja hujibu, "Ni mwenye kuabudu", mwingine hujibu, "Ni mwenye kuponya." Kisha kila mmoja huenda zake na nusu yake. Sisi twaona kwamba kulikata neno hili vipande viwili kabla ya kuuliza kwa nini watu wa kale waliyasema mambo mawili kwa neno moja, ni kosa. Na tukiuliza vema, twatumaini kwamba mzee wetu atapata jibu lake.

Kwanza inafaa kujua ya kwamba Wayunani hawakuwa na upungufu wa maneno ya ibada. Walikuwa na neno proskynein, yaani kuanguka chini mbele ya mkuu na kumpa heshima kwa mwili wote; nasi twalitafsiri kwa kusujudu. Katika Injili ya Yohana, sura ya 4, pale Bwana Yesu alipozungumza na mwanamke Msamaria penye kisima, mwenye kufanya hivyo ameitwa proskynetes, na neno hilo halionekani mahali pengine po pote katika Agano Jipya. Walikuwa na neno sebesthai, yaani kuwa na kicho. Kwa neno hilo Lidia, mwuza rangi ya zambarau, ametajwa katika Matendo ya Mitume sura ya 16 kuwa mcha Mungu. Walikuwa pia na latreuein, yaani kumtumikia Mungu kwa sadaka na sala. Basi la kwanza lahusu mwili, la pili moyo, na la tatu kazi ya madhabahuni. Mwenye maneno yote hayo, alihitaji lingine la nini?

Alilihitaji kwa sababu therapeutes lilitoka mahali pengine kabisa, wala halikuzaliwa hekaluni. Ndugu yake mkubwa ni therapon, na katika mashairi ya kale ya Homer, therapon ni mtu wa karibu wa shujaa: humwendeshea gari la vita, humwandalia chakula, na pengine hufa kwa ajili yake. Patroclus alikuwa therapon wa Achilles. Hakuwa mtumwa aliyenunuliwa sokoni. Alikuwa mtu huru, rafiki, aliyechagua kusimama kando ya mwingine na kumtazamia haja zake. Wayahudi walipoyatafsiri maandiko yao kwa Kiyunani huko Misri, walimpa Musa jina hilo katika kitabu cha Hesabu sura ya 12; na Waraka kwa Waebrania, sura ya 3, umelichukua kutoka huko. Ndipo pekee katika Agano Jipya mtu aitwapo therapon.

Kutoka hapo neno lilienea kama maji ya ziwa yaingiavyo katika kila ghuba. Kitendo chake, therapeuein, kilikuwa na maana ya kumhudumia mtu au kitu kwa uangalifu. Mkulima alifanya hivyo kwa shamba, mchungaji kwa mifugo, mwana kwa wazazi wake wazee, tabibu kwa mgonjwa, na mwenye ibada kwa mungu wake. Lilikuwa hata na upande mbaya: katika Mithali za Kiyunani, sura ya 29, latumika juu ya watu wanaojipendekeza mbele ya wakuu ili wapate upendeleo. Lakini katika Isaya, sura ya 54, wale wanaomtumikia Bwana, ambao urithi umewekwa kwa ajili yao, wametajwa kwa neno hilohilo. Basi kitendo kimoja chaweza kuwa ibada ya kweli, na chaweza kuwa ujanja wa mtu anayenyemelea zawadi. Msomaji aiweke tofauti hii moyoni, maana ndiyo tutakayoirudia mwisho.

Aliyeligundua tatizo hili mapema ni Plato wa Athene, aliyeandika yapata miaka 400 kabla ya Kristo. Katika kitabu chake kiitwacho Euthyphro amewaweka watu wawili wakijadiliana. Mmoja ni Socrates, aliyekuwa karibu kuhukumiwa. Na hukumu yake, tena kifo chake, vilikuwa mwaka 399 kabla ya Kristo. Wa pili ni Euthyphro, mtu aliyejisifu kwamba ayajua mambo ya miungu kuliko wote. Euthyphro alisema kwamba utauwa ni therapeia, yaani kuihudumia miungu. Socrates hakukataa upesi. Aliuliza tu kama afanyavyo mtu aliyezoea zizi: mwenye kuhudumia farasi, farasi wake hunawiri, mwenye kuhudumia mbwa, mbwa wake huwa wazuri, mwenye kuhudumia ng'ombe, ng'ombe wake huongezeka ubora. Je, wewe ukiihudumia miungu, yanawiri? Ukitoa sadaka, umemfanya mungu fulani kuwa bora kuliko alivyokuwa jana?

Sisi tuliolelewa kati ya ng'ombe za Usukuma hatuna haja ya kufafanuliwa swali hilo. Mvulana wa Kisukuma ajua ng'ombe aliyehudumiwa na ng'ombe aliyeachwa, hata akimwona kwa mbali. Euthyphro naye aliona aibu, akasema hapana, yeye alikusudia huduma kama ile ya watumwa kwa bwana zao. Socrates akaendelea kumbana, hata ikaonekana ya kuwa ibada aliyoisema Euthyphro ni namna ya biashara: mtu huomba, mungu hutoa, mtu hutoa, mungu hupokea. Na katika biashara lazima kila upande uwe na haja. Mungu ana haja gani kwetu? Euthyphro hakuwa na jibu. Akasema ana haraka, akaenda zake. Wengi tumewahi kufanya vivyo hivyo.

Watu wa kawaida wa Uyunani waliendelea kulitumia neno bila kujali fumbo hilo. Katika kisiwa cha Delos, katika karne ya 2 kabla ya Kristo, walichora juu ya mawe majina ya wafuasi wa mungu Sarapis, wakajiita kwa pamoja therapeutai. Na huko Pergamo, mji utajwao katika Ufunuo sura ya 2, palikuwa na hekalu kubwa la Asclepius, mungu wa uponyaji. Wagonjwa walikwenda kulala humo, wakitumaini kwamba mungu atawajia katika ndoto na kuwaambia dawa. Msemaji mashuhuri Aelius Aristides alikaa huko muda mrefu katika karne ya 2 baada ya Kristo, akaandika habari zake. Na hao waliokuwa wakingoja pamoja naye amewaita therapeutai. Tazameni ajabu hii: mgonjwa ndiye anayeitwa mwenye kuhudumu, naye mungu ndiye anayetazamiwa kuponya! Mzee wetu wa Mkolani angaliketi kati yao bila kujisikia mgeni.

Lakini waliolifanya neno hili lijulikane mpaka leo ni watu wa ziwa lingine. Philo, Myahudi wa Iskanderia, aliyeishi wakati mmoja na Bwana wetu na mitume, aliandika kitabu juu ya maisha ya kutafakari. Humo amewaeleza watu waliokaa juu ya kilima kidogo karibu na ziwa Mareotis, kusini ya mji wa Iskanderia. Walipachagua hapo, asema, kwa sababu ya usalama na kwa sababu ya hewa njema ivumayo kutoka ziwani na baharini. Waliacha mali zao kwa jamaa zao. Kila mmoja alikuwa na nyumba ndogo, na ndani yake chumba cha kuomba na kusoma, asichoingia na chakula. Waliomba mara mbili kila siku, alfajiri na jioni. Siku sita kila mtu alikaa peke yake. Siku ya saba walikutana wote, wanaume upande mmoja na wanawake upande mwingine, na ukuta mfupi katikati ili sauti ya mwalimu isikike pande zote. Katika sikukuu yao walikula mkate na chumvi na hisopo, wakanywa maji, wakaimba usiku kucha kwa ukumbusho wa kuvuka Bahari ya Shamu.

Watu hao waliitwa therapeutai, na Philo mwenyewe aliona kwamba jina lao lina njia mbili. Labda, asema, waitwa hivyo kwa kuwa wana uganga bora kuliko ule wa mijini, maana ule huponya miili tu, na wao huziponya roho zilizoshikwa na tamaa, huzuni na hofu. Au labda ni kwa kuwa wamefundishwa na sheria takatifu kumhudumia Yeye Aliyeko. Philo hakuchagua. Wengine wamedhani ya kuwa alisita kwa kutojua; sisi twaona alisita kwa hekima. Mtu aliyekuwa bingwa wa Kiyunani asingaliacha mlango wazi ila kwa kusudi.

Waliomfuata hawakuwa na subira yake. Eusebius, askofu wa Kaisaria, aliyeandika historia ya Kanisa mwanzo wa karne ya 4, aliusoma ukurasa huo akafurahi kupita kiasi. Katika kitabu chake cha pili alitangaza kwamba hao walikuwa Wakristo, wanafunzi wa kwanza wa Marko Mwinjili huko Misri, na ya kwamba waliitwa therapeutai kwa sababu jina la Kikristo lilikuwa halijaenea bado. Kwa heshima yote tuliyo nayo kwa mtu aliyetuhifadhia mambo mengi ambayo yangalipotea, yatupasa kusema kwamba hapa alisoma alichotaka kukisoma. Philo hataji Kristo, wala ubatizo, wala meza ya Bwana. Ataja siku ya saba, na torati ya Musa, na Bahari ya Shamu. Hao walikuwa Wayahudi. Kosa la Eusebius lilizaa kosa la pili, maana mwaka 1879 mtaalamu mmoja jina lake Lucius alidai kwamba kitabu chote kilitungwa na Mkristo wa baadaye aliyejifanya Philo. Mwaka 1895 Mwingereza Conybeare alikitetea kwa kulinganisha lugha yake na vitabu vingine vya Philo, na siku hizi wataalamu kwa kawaida hukikubali kuwa chake kweli.

Liko jambo moja katika kitabu hicho ambalo twaona limepuuzwa na wengi waliogombania jina. Philo asema watu hao hawakuwa na watumwa hata mmoja, kwa kuwa waliamini kwamba kummiliki mwanadamu ni kinyume cha maumbile. Katika karamu yao vijana walio huru ndio walioandaa meza, kwa hiari, kama wana wawahudumiavyo baba zao na mama zao. Basi twaona ya kuwa jina halikuwa la chumba cha maombi peke yake. Mtu yule aliyemhudumia Mungu alfajiri, ndiye aliyemhudumia mzee mezani jioni. Hapo nusu mbili za neno zakutana pasipo kushonwa.

Sasa twende katika Agano Jipya. Kwa hesabu ya kawaida therapeuein hupatikana humo mara 43. Mara 42 maana yake ni kuponya. Bwana Yesu huponya, naye huwatuma wanafunzi wake kuponya. Na methali aliyoitaja katika Luka sura ya 4, ya tabibu kuambiwa ajiponye, ina neno hilo. Lakini hata humo tuonywe: katika Ufunuo sura ya 13, jeraha la yule mnyama nalo limeponywa, na dunia nzima ikastaajabu ikamwandama. Neno ni lilelile. Kwa hiyo kupona si muhuri wa kwamba aliyeponya ametoka kwa Mungu, wala mshangao wa watu wengi si ushahidi. Twaliandika neno hili kwa makusudi, na wenye masikio hapa kwetu watatuelewa.

Mara moja tu iliyobaki, katika Matendo ya Mitume sura ya 17, neno lina maana yake ya kale ya kuabudu. Na ni nani anayelisema, na wapi? Ni Paulo, naye yuko Athene, mji wa Socrates, yapata miaka 450 baada ya maongezi yale na Euthyphro. Awaambia watu wa mji huo kwamba Mungu aliyeufanya ulimwengu hahudumiwi kwa mikono ya wanadamu kana kwamba apungukiwa na kitu, maana yeye ndiye awapaye wote uzima na pumzi. Hatusemi Paulo alikuwa amekisoma kitabu cha Plato. Twasema kwamba swali ambalo Euthyphro alilikimbia, hapa lajibiwa katika mji ulelule na kwa neno lilelile. Mungu hana haja. Hanawiri kwa sadaka yetu kama ng'ombe anawirivyo kwa majani.

Wekeni sasa mambo hayo pamoja. Mara moja mwanadamu ametajwa kumhudumia Mungu kana kwamba Mungu ni mhitaji, na mara hiyo yakanushwa. Mara nyingine karibu zote huduma yashuka kuwaendea wagonjwa. Luka, ambaye Waraka kwa Wakolosai wamwita tabibu, atumia jina therapeia mara mbili katika Injili yake. Katika sura ya 9 ni kuponywa kwa watu waliohitaji. Katika sura ya 12 ni jamii ya watumishi wa nyumba moja, ambao wakili mwaminifu huwapa posho kwa wakati wake. Mponyaji na nyumba ya watumishi wapo chini ya neno moja. Ndiyo picha tunayoitafuta.

Je, Biblia zetu za Kiswahili zimelitendeaje neno hili? Askofu Steere na wenzake wa Unguja walitoa Agano Jipya mwaka 1879. Karl Roehl alitoa Biblia yake nzima mwaka 1937, akijitahidi kupunguza maneno ya asili ya Kiarabu. Humo kuhani ni mtambikaji. Biblia ya Union, inayosomwa na wengi mpaka leo, ilitoka kamili mwaka 1952. Wafasiri huweka kuponya pale penye ugonjwa, na kutumikia pale penye ibada. Hatuwalaumu. Mfasiri hana budi kuchagua, na aliyeandika kuponya kila mahali angalimfanya Paulo aseme upuzi. Lakini msomaji wa Kiswahili hupoteza kitu: haoni kwamba maneno yale mawili ni ndugu wa nyumba moja. Tena neno letu kubwa la ibada, kuabudu, latoka katika shina la Kiarabu linalomtaja mtumwa, nalo kusujudu latoka katika shina moja na msikiti. Ni maneno bora na yenye heshima. Lakini yote mawili yatuonyesha mtu aliye chini kabisa, uso wake chini. Hayatuonyeshi mtu aliyesimama kando ya kitanda.

Hata hivyo twathubutu kusema kwamba Kiswahili kinalo neno, nalo liko vinywani mwetu kila siku. Ni huduma. Twasema huduma ya afya, na mhudumu wa zahanati. Twasema pia huduma ya kanisa, na mtu aliyeitwa katika huduma. Mfugaji huhudumia mifugo, mwana huhudumia wazazi. Jaribuni kuliweka katika kila mfano tulioutaja, kutoka zizi la Socrates hata meza ya watu wa Mareotis, mtaona linakaa. Lina udhaifu wake, nao tusiufiche. Wale wagonjwa wa Pergamo, ambao walikwenda kulala na kungoja, tukiwaita wahudumu tutampoteza msomaji. Tena mhudumu siku hizi ni yule aletaye chai hotelini. Lakini therapon wa Achilles naye aliandaa chakula. Udhaifu huo hautuogopeshi sana.

Kwa nini tumejisumbua hivi? Kwa sababu katika nchi yetu jambo hili lina gharama. Wazee wa Usukuma walikuwa na nfumu, ambaye katika mtu mmoja aliunganisha dawa na ibada. Naye hata leo angaliko. Mtu akiugua, nfumu aliweza kuagua kwa kuku na kusema kwamba masamva, yaani mizimu ya ukoo, wamesahauliwa na wataka pombe au mnyama. Hatuwacheki wazee wetu. Waliona kweli moja ambayo hata Philo aliiona, kwamba mwili na roho haviuguzwi katika nyumba mbili zisizojuana. Lakini mizimu hiyo ilikuwa na haja, na kwa hiyo ilikuwa na kinyongo. Na ibada ikawa kulipa deni. Na pale mwaguzi asemapo kwamba mgonjwa hana deni kwa wafu bali amelogwa na jirani, twajua yaliyotokea: vikongwe wasio na hatia wameuawa katika nchi hii ya Ziwa, na watu wenye ualbino wamewindwa kwa ajili ya viungo vyao. Hayo yalianza na mtu aliyetaka kupona kwa gharama yo yote.

Wala tusidhani kwamba mlango wa kanisa watulinda. Mwaka 2011 maelfu kwa maelfu ya watu walisafiri mpaka kijiji cha Samunge, Loliondo, kunywa kikombe cha dawa cha mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapila. Wengi walikuwa Wakristo waaminifu, na msafara wa magari ulikuwa wa kilometa nyingi. Hatuwahukumu wagonjwa, mwenye maumivu hutafuta. Lakini twawauliza walimu wenzetu: tulikuwa tumewafundisha nini juu ya ibada, hata wengi wakaona ya kuwa kumfuata Mungu na kufuata kikombe ni safari moja? Na mhubiri anayemwambia mgonjwa aache vidonge vyake ili aonyeshe imani, anafundisha ule uchuuzi wa Euthyphro: toa hiki, upewe kile.

Sasa, Babu, twalijibu swali lako. Uliuliza kama ulikuja kuabudu au kutafuta dawa. Neno hili la kale lasema kwamba mambo hayo mawili hayana ugomvi, ila liko sharti. Kama ulikuja kumnunulia mtoto uzima kwa sala zako, kana kwamba Mungu ana njaa ya sala, basi hukuabudu, ulikwenda sokoni. Bali kama ulimbeba mtoto kwa sababu hukuvumilia kumwona akiungua kwa homa, ukamleta mbele za Yeye ampaye pumzi, basi ulikuwa therapeutes tangu ulipotoka nyumbani kwako. Kukesha kwako kando ya kitanda kulikuwa sehemu ya ibada ile. Na kesho yake ulipopanda gari kwenda hospitali, hukuiacha ibada njiani, uliiendeleza. Yule muuguzi aliyempima mtoto joto, akijua au asijue, alikuwa akifanya lile tendo ambalo Agano Jipya limelitaja mara 42.

Mtoto yule alipona, ashukuriwe Mungu. Lakini hatukuandika haya kwa sababu alipona, na kama asingalipona tungaliandika maneno haya haya. Mwenye kuhudumu hupimwa kwa uaminifu wake kitandani na mezani. Kupona ni kwa Bwana wa nyumba.